Picha ya Tayla Harris: nani alipaswa kuondolewa?

Jumanne ya tarehe 19 Machi 2019, ukurasa wa michezo wa televisheni ya Channel Seven ya Australia uliweka mtandaoni picha ya mwanamke akipiga mpira. Chini yake yakamiminika maneno machafu kuhusu mwili wake. Walioshika ukurasa huo wakaona njia ya kuyamaliza ni moja, wakaiondoa picha. Matusi yakapotea, na aliyetukanwa akapotea pamoja nayo.

Mwanamke huyo ni Tayla Harris. Wakati huo alikuwa na miaka 21, mchezaji wa kulipwa wa klabu ya Carlton ya jijini Melbourne. Wengi waliosikia habari zake wanakumbuka ile picha, na baadaye sanamu. Mimi nataka tukae zaidi kwenye neno alilolishika kujitetea, kwa sababu naamini ndilo lililogeuza mjadala wote. Neno lenyewe ni kazi.

Tuanze na mchezo, maana wengi wetu tumeuona kwa mbali tu. Futiboli ya Australia huchezwa kwenye uwanja wa umbo la yai, mara nyingi uleule wa kriketi, na mpira wake una ncha mbili kama wa raga. Kila upande wa goli kuna nguzo nne zilizosimama wima, bila mwamba wala nyavu. Mpira uliopigwa kwa mguu ukipita kati ya nguzo mbili ndefu za katikati ni goli, pointi 6. Ukipita pembeni, kati ya nguzo ndefu na fupi, ni pointi 1. Anayeudaka hewani mpira uliopigwa kwa mguu kutoka mita 15 au zaidi huachiwa nafasi apige bila kubughudhiwa. Wanaume hucheza 18 kwa 18. Wanawake hucheza 16 kwa 16, na mpira wao ni mdogo kidogo. Kwa hiyo mshambuliaji mrefu anayejua kuruka, kudaka, na kupiga mbali, ni mtu wa kutafutwa kwa tochi.

Harris alikuwa na vyote vitatu. Alizaliwa Brisbane Aprili 1997, katika jimbo la Queensland ambako raga ndiyo mfalme. Julai 2016, miezi kadhaa kabla ligi ya wanawake ya AFLW haijachezwa hata mechi moja, kila klabu kati ya 8 za mwanzo ilipewa ruhusa ya kusaini nyota wawili kabla ya wachezaji wengine. Brisbane Lions ikawataja Sabrina Frederick-Traub na Tayla Harris. Alikuwa na miaka 19.

Neno nyota lisitudanganye. Katika msimu huo wa kwanza, wa 2017, nyota hao walilipwa dola za Australia 27,000. Kundi la pili lilipata 12,000, na wachezaji wengi waliobaki 8,500. Msimu ulikuwa mfupi, mechi 7 kisha fainali kuu, na klabu zilihesabu kuwa hiyo ni kazi ya miezi michache. Lakini goti likikatika halikatiki kwa miezi michache, na mazoezi ya kumfikisha mtu kwenye kiwango cha ligi ya taifa hayaanzi siku mkataba unaposainiwa. Nahodha wa klabu ya Melbourne, Daisy Pearce, mmoja wa wachezaji waliosifiwa kuliko wote, alikuwa mkunga. Wengine walikuwa walimu, wanafunzi, mafundi. Walitoka kazini wakaenda mazoezini jioni, na asubuhi wakarudi kazini.

Watazamaji hawakungoja kuambiwa kama mchezo huo una thamani. Tarehe 3 Februari 2017, mechi ya kwanza kabisa, Carlton dhidi ya Collingwood kwenye uwanja wa zamani wa Princes Park, ilijaza watu 24,568 hadi milango ikafungwa. Kiingilio kilikuwa bure. Waliobaki nje walikuwa wengi kiasi kwamba mkuu wa ligi, Gillon McLachlan, alitoka mwenyewe kuwaomba radhi.

Brisbane ilimaliza raundi za kawaida bila kupoteza mechi, ikaingia fainali kuu dhidi ya Adelaide. Ingestahili kuchezea nyumbani, kwenye uwanja wa Gabba, lakini nyasi za Gabba zilikuwa zimeharibika baada ya maonyesho ya mwimbaji Adele, hivyo fainali ikahamishiwa Gold Coast. Adelaide ikashinda 35 kwa 29. Goli moja tu lingewafanya sare. Harris alichaguliwa kwenye kikosi bora cha mwaka, kisha akahamia Carlton, na mwaka uliofuata akachaguliwa tena.

Huko Melbourne alikuwa na kazi nyingine iliyohitaji mwili uleule, maana alipigana ndondi za kulipwa na akafikia ubingwa wa Australia. Naona watu hulitaja jambo hili kama kituko cha kupendeza, msichana mcheza mpira ambaye pia ni bondia. Ukiangalia malipo niliyoyataja, utaona pia upande wake wa riziki. Mtu mwenye kipaji kikubwa katika ligi ya miezi miwili anahitaji kitu cha kufanya miezi 10 iliyobaki.

Sasa tuje kwenye picha.

Jumapili ya tarehe 17 Machi 2019 Carlton walicheza na Western Bulldogs kwenye uwanja wa Whitten Oval, magharibi mwa Melbourne. Ilikuwa raundi ya mwisho kabla ya mechi za mtoano. Mpiga picha Michael Willson, aliyekuwa akifanya kazi na kitengo cha habari cha ligi, alimkamata Harris sekunde ileile mpira ulipokwisha kuondoka mguuni. Mguu wa kulia umenyooka kwenda juu. Wa kushoto hauko ardhini tena, kwa sababu nguvu ya pigo imembeba mwili mzima. Macho yanaufuata mpira. Mtu yeyote aliyewahi kujaribu kupiga mpira kwa nguvu zake zote akabaki na mizani yake anajua anachokitazama hapo. Mwili uliopigwa picha ulikuwa mwili unaofanya jambo gumu kwa usahihi.

Waliomtukana hawakuona pigo. Waliona mwanamke mwenye kaptura aliyeinua mguu, na wakaandika walichoandika. Sitayarudia maneno yao hapa, hayaongezi chochote.

Ni haki kujiuliza walioshika ukurasa ule walikuwa na njia gani mkononi, kwa sababu lawama rahisi haitufundishi kitu. Mwaka 2019 Facebook haikuwa na namna ya kuzima maoni kwenye chapisho moja la ukurasa wa umma. Uwezo huo ulikuja Machi 2021. Mhariri wa zamu angeweza kuchuja maneno fulani, kuficha maoni moja baada ya jingine, kuwafungia waandikaji, au kulifuta chapisho lote. Tatu za mwanzo zinahitaji mtu akae, asome uchafu wote, afanye uamuzi mara mia mbili. Ya nne inahitaji kubonyeza mara moja. Natumaini aliyebonyeza hakuwa na nia mbaya, na huenda aliamini kwamba anamkinga Harris. Lakini tazama matokeo yake. Kati ya mtu aliyefanya kazi yake na watu waliokuja kumchafua, aliyeondolewa ukumbini ni mfanyakazi. Watukanaji walibaki na akaunti zao, wakajua pia kwamba wakija wengi wa kutosha, picha ya mwanamke inaweza kufutika.

Hapa ndipo ninapotofautiana na wanaosema kosa lilikuwa dogo na lilirekebishwa upesi. Kweli lilirekebishwa. Wanahabari, wachezaji na mashabiki walipaza sauti, picha ikasambazwa upya na maelfu ya watu, na Channel Seven ikairudisha, ikaomba radhi na kukiri kwamba kuiondoa kulitoa ujumbe usio sahihi. Lakini lilirekebishwa kwa sababu aliyefutwa alikuwa Tayla Harris, mwenye jina na wafuasi. Mchezaji wa akiba wa daraja la chini la malipo angefutwa na hakuna ambaye angejua.

Harris mwenyewe aliiweka picha ile kwenye kurasa zake, akaandika kwamba huyo ni yeye akiwa kazini, na wanaotaka kutukana walifikirie hilo kwanza. Aliwaita wanyama. Siku iliyofuata alizungumza redioni, na hapo akasema jambo ambalo nadhani halikupewa uzito wake. Alisema baadhi ya maneno yale ni udhalilishaji wa kingono, na kwamba yamemfikia mahali pake pa kazi. Akasema pia kwamba wasiwasi wake haukuishia kwake. Kama watu hawa wanaweza kumwandikia hivyo mtu wasiyemjua, hadharani, wanasema nini na wanafanya nini wakiwa nyumbani milango imefungwa?

Fikiria alichokifanya. Kwa miaka mingi mwanamke mwanamichezo aliyetukanwa alipewa majibu mawili tu: apuuze, au awe na ngozi ngumu. Yote mawili yanalifanya tusi kuwa jambo la moyo wake, tatizo la hisia zake. Harris alilitoa moyoni akalipeleka kwenye mkataba. Ni kama alisema: nina mwajiri. Nilikuwa kwenye zamu yangu, nikiwa nimevaa sare ya mwajiri wangu, nikafanya nilichoajiriwa kufanya. Anayenidhalilisha hapo anamdhalilisha mfanyakazi kazini, na mwajiri ana wajibu. Karani wa benki akitukanwa hivyo na mteja dirishani, hakuna meneja atakayetatua kwa kumficha karani stoo.

Na ligi iliyomlipa kama kibarua wa msimu ililazimika kusikia neno hilo. Ukikubali kwamba ni kazi anapotukanwa, utakataaje kwamba ni kazi anapolipwa?

Waziri Mkuu Scott Morrison aliwalaani watukanaji hadharani. Sheria nayo ilisogea, ingawa sidai kwamba kisa hiki peke yake ndicho kilichoisukuma. Septemba 2021 mahakama ya juu kabisa ya Australia, katika kesi nyingine isiyohusu michezo, iliamua kwamba vyombo vya habari vinavyoendesha kurasa za Facebook vinahesabika kuwa wachapishaji wa maoni ya wasomaji chini ya habari zao, linapokuja suala la kashfa. Januari 2022 ikaanza kutumika sheria ya usalama mtandaoni inayompa kamishna wa serikali uwezo wa kuamuru maneno ya kumdhuru vikali mtu mzima yaondolewe. Linganisha na ile Jumanne ya Machi: sasa mwelekeo wa sheria ni kuondoa tusi, na anayetukanwa abaki.

Tarehe 31 Machi 2019, majuma mawili tu baada ya pigo la Whitten Oval, Carlton waliingia fainali kuu. Adelaide tena. Uwanja wa Adelaide Oval ulipokea watu 53,034, idadi ambayo miaka mitatu nyuma hakuna ambaye angethubutu kuitabiri. Carlton walipigwa vibaya, 63 kwa 18. Nyota wa Adelaide, Erin Phillips, aliumia goti robo ya tatu, akatolewa kwa machela huku uwanja mzima umesimama kumpigia makofi. Harris alitoka na fainali yake ya pili iliyopotea.

Septemba mwaka huohuo ikazinduliwa sanamu, katikati ya Melbourne, kwenye uwanja wa Federation Square: Tayla Harris wa shaba, mita 3.3, mguu juu kama kwenye picha. Aliichonga Terrance Plowright, na gharama ilibebwa na benki inayoidhamini ligi. Aliyesimamishiwa sanamu alikuwa na miaka 22.

Wako waliokasirika, na hasira yao haikuwa ya wivu yote. Wanawake wamecheza mchezo huu tangu miaka ya Vita Kuu ya Kwanza, na jimbo la Victoria, lenye jiji la Melbourne, lilianzisha ligi yao mwaka 1981. Kuna waliocheza miaka 20 kwenye viwanja vya pembeni, wakijinunulia sare, wakifua wenyewe, wakilipa bima kutoka mifukoni mwao. Hao hawana hata kibao cha mbao. Je, wa kwanza kupewa shaba awe msichana ambaye hajashinda kombe hata moja?

Nimelifikiria swali hilo sana na sina jibu la kuwaridhisha wote. Ninachoona ni kwamba sanamu ile haikuwa ya mafanikio ya Harris, na mwenyewe alisema inahusu mambo makubwa kuliko yeye na mpira. Ilikuwa kumbukumbu ya tukio. Walichojaribu kukifuta kwenye skrini kikawekwa barabarani kwa kitu ambacho hakifutiki. Kwa maana hiyo inaeleweka. Kinachonisumbua ni kingine. Shaba ilifika haraka kuliko mshahara. Mwaka ule sanamu iliposimama, wenzake wengi walikuwa bado wanaomba ruhusa kwa wakubwa wao wa ofisini ili wawahi mechi za ugenini. Mwanamke wa shaba halipi kodi ya nyumba wala haumii bega. Mwenye nyama na mifupa anafanya yote mawili.

Mwaka 2020 msimu ulikatizwa na korona katikati ya mtoano, na hakuna aliyetangazwa bingwa. Mwaka 2021 Harris na Carlton walishindwa kuafikiana, magazeti yakaandika sana kuhusu fedha, na Juni akahamia klabu ya Melbourne, ya jiji hilohilo. Katika habari za wakati ule niliona lawama kwamba anajiona mkubwa. Mchezaji wa kiume anayejadili bei yake huitwa mtu anayejua thamani yake. Alikuwa na miaka 24, umri ambao mwili wa mwanamichezo unakaribia kilele, na hakuna aliyemwahidi kwamba kilele hicho kitadumu.

Wakati huo ligi ilikuwa inapanuka kwa kasi. Kutoka klabu 8 ikawa 10 mwaka 2019, 14 mwaka 2020, na kufikia Agosti 2022 klabu zote 18 zenye timu ya wanaume zilikuwa na timu ya wanawake. Pamoja na hizo zikaja njia mpya za kuingia. Akec Makur Chuot, aliyepitia utoto wake kambi ya Kakuma nchini Kenya kabla ya familia kuhamia Perth, alisajiliwa na Fremantle kwa msimu ule wa kwanza wa 2017, na baadaye akachezea Richmond na Hawthorn. Kisa chake kinastahili kuandikwa peke yake. Namtaja hapa kwa sababu watukanaji wa mtandaoni wana zaidi ya jambo moja la kumshikia mchezaji kama yeye, na kanuni ya nani anaondolewa inamgusa mara mbili.

Mei 2022 yakatangazwa malipo mapya kwa msimu ambao ungeanza Agosti, nyongeza ya asilimia 94. Wa daraja la chini walipanda kutoka dola 20,239 hadi 39,184, na wa daraja la juu kutoka 37,155 hadi 71,935. Bado kwa wengi hayo hayakuwa maisha ya Melbourne bila kazi ya pili. Lakini ukiweka 39,184 kando ya 8,500 ya miaka mitano nyuma, unaona kwamba kuna neno lilikuwa limeanza kusikika mezani.

Aprili 2022 Melbourne waliingia fainali kuu, na ng'ambo ya uwanja walikuwa tena Adelaide. 29 kwa 16. Fainali tatu, klabu tatu tofauti, na mbabe wake ni yuleyule.

Msimu uliofuata ulichezwa mwaka huohuo. Tarehe 27 Novemba 2022 Harris alirudi pembezoni mwa jiji alilozaliwa, kwenye uwanja mpya wa Springfield, kucheza fainali ya nne. Safari hii upande wa pili haukuwa Adelaide. Walikuwa Brisbane Lions, waliomsaini akiwa na miaka 19, na mashabiki waliojaa uwanjani walikuwa wao. Ilikuwa mechi ya kukabana, timu zote mbili ziliambulia magoli mawili tu dakika zote. Melbourne walipata pointi moja moja saba, Brisbane tatu. 19 kwa 15. Nahodha Daisy Pearce, aliyekuwa mkunga ligi ilipoanza, alicheza siku hiyo mechi yake ya mwisho, na Tayla Harris akavishwa medali ya ubingwa kwa mara ya kwanza.